Wifi na Chupa Zake

Jumatatu, 2 Machi

Daktari aliyenitibu vidonda vya tumbo aliniambia hasira nisizimeze, niziandike. Basi naandika.

Mvua zimeanza. Paa la jumba letu la sanaa limevuja palepale pa mwaka jana, juu ya meza ya tiketi, na nimeweka ndoo ileile. Hilo halijaniudhi, nimelizoea. Kilichoniudhi ni kuitwa na Mkurugenzi kabla ya chai. Bosi akikuita kabla ya chai hana la heri.

Kuanzia Ijumaa hii tutakuwa na ziara za jioni. Mimi nitawatembeza wageni kwenye picha kama ilivyo kazi yangu, kisha wageni haohao wataonjeshwa mvinyo wa Kifaransa, kila picha na mvinyo wake. Tutakwenda hivyo msimu wote wa mvua, mpaka mwisho wa Mei. Mkurugenzi anaamini kwamba mtu asiyetoka nyumbani kwenye mvua kwa ajili ya picha atatoka kwa ajili ya glasi.

"Mimi nimeongoza watoto wa shule, wazee, mpaka bibi harusi na msafara wake," nikamwambia. "Sijawahi kuongoza walevi."

"Hawatalewa, mama, wataonja tu. Na nimepata mtaalamu kabisa, amesomea hukohuko Ufaransa." Kisha akanitajia mtaalamu mwenyewe.

Ni wifi yangu, mke wa mdogo wangu wa pekee. Mji mzima huu walikosa mtu.

Jumanne, 3 Machi

Wifi amekuja na makreti yake, amelowa, anacheka. Mwanamke huyu hucheka mpaka vioo vinaitikia, na hunusa kila kitu. Leo amenusa mlango, akanusa pazia, akanusa kikombe changu cha chai na kuniambia maziwa yanakaribia kuharibika. Yalikuwa yanakaribia kuharibika, lakini nilikunywa hivyohivyo.

Siku ya kwanza mdogo wangu alipomleta nyumbani kwangu, miaka sita iliyopita, alinusa mchuzi wangu kabla ya kuuonja. Tangu hapo nikajua hatupikiki chungu kimoja. Mdogo wangu nimemlea mwenyewe, mama alituacha yeye bado mtoto, na sikumlea ili aje kulishwa na mtu anayekagua mchuzi.

Akaniita mbele ya watu wote, "Wifi, umependeza." Nikamvuta pembeni.

"Kazini usiniite wifi."

"Nikuite nani?"

"Niite mwongozaji."

"Sawa, wifi," akasema, akaenda kufungua makreti.

Nimempa sharti moja: glasi haipandi ngazi. Picha ziko juu, chupa zitakaa chini, na tone moja la mvinyo likionekana ukumbi wa juu mimi natoka kazini siku hiyohiyo. Hilo alilikubali bila kucheka.

Ijumaa, 6 Machi

Wageni kumi na mmoja. Nikawatembeza picha tatu, nikasema yote niliyo nayo, kisha tukashuka chini kwa wifi. Kufika chini picha zote wamesahau. Mmoja akaniuliza yule mwanamke alikuwa ameshika nini, na picha yenyewe ilikuwa ya viti.

Wifi akawaeleza mvinyo mmoja mweupe kwamba ni mkavu. Mlinzi wetu, ambaye alikuwa ameegemea mlango na hakuulizwa, akasema, "Mkavu vipi na unamwagika?"

"Maana yake hauna sukari, baba."

"Si ungesema hauna sukari, sisi wenye kisukari tukafurahi."

Wageni wakacheka naye kuliko walivyocheka na mimi jioni nzima. Kisha wifi akazungusha glasi, akawaonyesha matone yanavyoteremka taratibu ndani ya kioo. "Haya Wafaransa wanayaita machozi," akasema. "Mvinyo wenye nguvu hulia polepole." Anajua kuongea, hilo simnyimi.

Jumatatu, 9 Machi

Mvua. Ndoo imejaa mara mbili.

Ijumaa, 13 Machi

Leo lazima niandike kirefu, mbavu bado zinaniuma.

Wifi alikuja na wazo la kugeuza ziara. Wageni waanze chini, waonje, kisha wapande kwangu na ladha ingali mdomoni, macho na ulimi vifanye kazi pamoja. Glasi zinabaki chini, sharti langu halivunjwi. Sikuona pa kukataa, ingawa nilitafuta.

Nikasimama juu mbele ya picha ya fundi cherehani. Ni picha niipendayo: mzee amekaa kwenye cherehani yake, pini kazibana kwa midomo, macho yake yanakwambia ngoja nimalize. Wageni wakapanda, wakanizunguka nusu duara, watulivu mno. Nikauliza swali langu la kila siku, "Mnadhani fundi huyu angependa kusema nini?"

Kimya. Nikauliza tena, kwa upole zaidi. Wakanikodolea macho. Kinyozi wa mtaa wa nyuma, ambaye huwa hanyamazi hata ukimlipa, akatikisa kichwa kwa heshima. Nikasema moyoni, haya, wifi amenifanyia kazi, ameniletea watu wa kunidharau. Nikaanza kupandwa na hasira. Ndipo nikaona mashavu. Wote tisa walikuwa na mashavu yaliyovimba, na kwenye pembe ya mdomo wa kinyozi palikuwa na tone jekundu.

Hawakuwa wamemeza. Wifi aliwaambia, "Pandeni na ladha mdomoni," nao wakapanda na mvinyo wenyewe.

Watu tisa, mashavu yamejaa mvinyo mwekundu wa Bordo, wamesogea karibu na picha kwa sababu mimi mwenyewe nimewaambia wasogee waone pini. Na mwalimu mmoja mstaafu alikuwa ameanza kushikwa na kicheko. Mabega yalikuwa yanacheza.

"Mezeni," nikasema. Sikumbuki kama nimewahi kutoa amri namna ile. Wakameza kwa pamoja, ikasikika mpaka ngazini, na kinyozi akavuta pumzi, akasema, "Alaa. Kumbe ilikuwa ruhusa."

Nilishuka nikiwa nimeiva kwa maneno. Nikamkuta wifi na mlinzi, na mlinzi anamweleza, "Nimemsalimia kila mmoja pale ngazini, hakuna aliyeniitikia. Nikasema leo tumepata wakubwa." Wifi akanitazama, akaelewa kilichotokea juu, akaziba mdomo. Nilitaka kumgombeza. Nikafungua kinywa, kikatoka kicheko. Tulicheka mimi na yeye tumeshikana mikono kama wendawazimu, mpaka Mkurugenzi akachungulia kuona nani amelewa.

Ijumaa, 20 Machi

Wageni ishirini. Kinyozi amerudi na mkewe. Kabla ya kupanda, wifi sasa anawapanga na kuwaambia, "Fungueni vinywa niwaone," kama nesi.

Ijumaa, 27 Machi

Tumebishana leo mbele ya wageni, nao walifurahia kuliko mvinyo.

Kuna picha ya wanawake wawili kwenye benchi la kusubiria, kila mmoja amepakata mkoba wake. Kibandiko kinasema tu *Wanawake Wawili*. Mimi siku zote huwaambia wageni kwamba ni dada wawili. Leo wifi alikuwa amepanda kusikiliza, akanyoosha mkono kama mwanafunzi.

"Hao si dada, wifi. Hao ni mawifi."

"Umejuaje?"

"Tazama walivyokaa. Mabega yamegusana, lakini kila mmoja mkoba wake kaushika kwa mikono miwili. Dada angeuweka chini."

Wakacheka wote, wanawake hasa. Nikamwambia arudi kwenye chupa zake. Lakini baada ya wageni kuondoka nilipanda tena peke yangu nikaitazama. Mikoba kweli wameikaba.

Kabla ya kufunga akanionjesha mvinyo mweupe wa Alzasi, jimbo mojawapo la Ufaransa. Tumbo langu haliniruhusu kumeza, kwa hiyo akaniletea ndoo ya kutemea, akanifundisha kutema bila kujichafua. Mimi na umri wangu nafundishwa kutema. Nilisikia kitu kama ganda la limao, na mbele kidogo kitu kama jiwe lililolowa mvua. Nikamwambia. Akasema, "Wifi, una ulimi wewe." Nimefika nyumbani bado nafurahi.

Jumanne, 31 Machi

Mdogo wangu kapiga simu, kesho anakuja. Nimemnunulia samaki.

Jumatano, 1 Aprili

Mdogo wangu ni mpima ardhi, mtu wa mistari iliyonyooka, na akiwa na la kusema hunyoosha vitu. Leo alinyoosha uma, akanyoosha kisu, akanyoosha kitambaa cha meza. Samaki hakumgusa.

"Dada, nimetoka kule nyumbani."

Nikadhani ametoka kuja kwangu. Kumbe ametoka kabisa. Amehamia kwa mwanamke mwingine, mwajiriwa wa ofisi yao, na mambo ya talaka wameshayaanza. Hawakujaliwa mtoto, akasema, kwa hiyo haitakuwa kazi kubwa. Alivyosema "haitakuwa kazi kubwa" ungedhani anahamisha kabati.

Nikamuuliza wifi amekosa nini.

Akafikiri. "Ananinusa," akasema. "Nikirudi jioni ananibusu na kuninusa, na anajua nilikuwa wapi. Mtu huwezi kuishi hivyo."

"Na ulikuwa wapi?"

Akaunyoosha uma tena.

Nilitaka kumzaba kibao na nilitaka kumpakulia chakula. Huo ndio ugonjwa wa kumlea mtu. Mwisho akaniambia alichokijia hasa. Yule mwenzake mpya ni mtu mpole, ana haya, na atapenda kujuana na mimi. Haitapendeza akija mjini asikie bado namwita mwingine wifi. "Mnafanya kazi pamoja, sawa, najua. Lakini iwe kazi tu. Jina hilo sasa si lake. Uko upande wangu, dada, au sivyo?"

Damu nzito kuliko maji. Nikamwambia ndiyo. Maisha yangu yote nimemwambia ndiyo, tangu alipokuwa akiomba nimlalie mlangoni kwa kuogopa radi.

Ijumaa, 3 Aprili

Wifi alikuja kwa wakati, amevaa vizuri, kapaka wanja. Nilimngoja aseme. Nilikuwa nimejiandaa na maneno ya pole ambayo hayakuwa na upande wowote, maneno ya maji ya uvuguvugu.

Akaweka makreti chini, akasema, "Shikamoo, Bi Mwongozaji."

Ndilo jina nililolitaka mwezi mzima. Leo nimepewa, na nimelibeba siku nzima bila kujua pa kuliweka.

Ziara ilikwenda vizuri. Alionjesha, alieleza, alifungua vizibo bila kumwaga. Ila alipozungusha glasi hakusema habari ya machozi. Mgeni mmoja aliyewahi kuja akamkumbusha, "Na yale matone, mama, yanaitwaje?" Akasema, "Ni matone tu."

Jumanne, 7 Aprili

Mvua. Jirani kaniuliza kama ni kweli siku hizi nafanya kazi baa. Nikamwambia ndiyo, na nimepandishwa cheo.

Ijumaa, 10 Aprili

Bi Mwongozaji hivi, Bi Mwongozaji vile. Ananiita kwa adabu kubwa, kama mtu anayepita karibu na mbwa asiyemjua. Siwezi kumlaumu. Anajua mdogo wangu alikuja kwangu, na anajua mimi ni dada wa nani. Ningeweza kumwambia mwenyewe, "Niite wifi." Maneno mawili tu. Lakini nimeshasema ndiyo kule, na mimi si mtu wa kula kiapo asubuhi na kukitapika jioni.

Mlinzi naye hana haya. Kaniuliza, "Mmegombana?" Nikamwambia hapana. "Basi gombaneni," akasema, "maana hivi mlivyo hata paka wa jikoni kahama."

Jumatano, 15 Aprili

Mvua ya leo haikuwa mvua, ilikuwa ugomvi. Ilianza alfajiri na kufikia mchana ndoo zimetuishia, tukawa tunakinga kwa mapipa ya taka. Wifi hakuwa na zamu, alikuja kuhesabu chupa zake tu. (Nimeandika wifi. Basi, naacha hivyo, hapa hakuna anayesoma.)

Alikuwa anapita ukumbi wa juu akasimama ghafla katikati, akainua pua.

"Kuna ukuta unaoza," akasema.

Nikamwambia sakafu imelowa, ni harufu ya sakafu. Akasema hapana, akaanza kutembea amefumba macho, kushoto, kulia, mimi nyuma yake nikiona aibu kwa niaba yake. Akaenda kusimama mbele ya *Wanawake Wawili*. Ukuta ulikuwa mkavu, rangi nyeupe pee. Akaweka pua karibu na fremu. "Nyuma ya hii. Iteremsheni."

Kanuni ni kwamba picha haiteremshwi bila Mkurugenzi, na Mkurugenzi alikuwa mkutanoni. Nikamtazama usoni. Pua ile ilinikosea heshima miaka sita, lakini haijawahi kusema uongo. Nikamwita mlinzi, tukaiteremsha watatu.

Ukuta wa nyuma yake ulikuwa umelowa chapachapa. Maji yalikuwa yameteremka ndani kwa ndani kutoka paani na kutokezea palepale pa picha, na ukungu wa kijani ulikuwa umeanza kuota kwenye plasta. Turubai yenyewe ilikuwa imelowa ncha moja tu ya chini. Wiki moja zaidi tungewazika wale wanawake. Tukaibeba hadi chumba kikavu, nikaikausha kwa karatasi za kunyonya maji kama nilivyofundishwa, yeye akinishikia taa.

Tulipomaliza tulikaa kwenye ngazi, tumelowa wote. Nikamwambia ahsante. Akasema si kitu.

Kisha akaniambia, kwa sauti ya mtu anayetaja bei, kwamba Juni anaondoka. Hoteli moja kubwa ya mji mwingine inamtaka. Mkurugenzi amemwomba ziara ziendelee hata mvua zikiisha, maana zinajaza watu, lakini amemkatalia.

"Kwa nini?" nikamuuliza. "Hapa si unapendwa?"

"Hapa nilikuja kwa ajili ya mtu mmoja, Bi Mwongozaji. Ndugu zangu wako mbali. Nikiugua leo katika mji huu, nani atafunga duka aje kunitazama?"

Nilikuwa na jibu. Lilikuwa hapa, kwenye ncha ya ulimi huuhuu anaousifia. Nikasikia sauti ya mdogo wangu, uko upande wangu au sivyo, nikalimeza. Daktari akijua atanifukuza.

Nimechukia nafsi yangu leo. Nimlinde mdogo wangu na nini? Na mwanamke aliyelowa kwenye ngazi?

Ijumaa, 24 Aprili

Tumeitundika upya kwenye ukuta mwingine. Nimewaambia wageni ni mawifi. Alikuwa chini, hakusikia.

Jumatatu, 4 Mei

Mdogo wangu anataka kumleta mgeni wake Jumapili. Nimemwambia tumbo linanisumbua.

Jumapili, 17 Mei

Anataka kumleta tena. Nimemwambia tumbo lilelile. Akasema, "Dada, tumbo hilo lina hila." Nikamuuliza kama amekula. Akasema amekula. Siku hizi sijui hata nani anampikia, wala kama anaambiwa maziwa yanapoharibika.

Nimegundua jambo. Miaka sita nililalamika kwamba wifi amenichukulia mdogo wangu. Lakini ni katika miaka hiyo ndipo mdogo wangu alipokuja kila mwisho wa mwezi, na kila alipokuja alikuja na kitu mkononi, shali, dawa ya tumbo, viatu vya kufunga vya miguu yangu mibaya. Mpima ardhi huyu hajui hata namba ya viatu vyake mwenyewe. Nani alikuwa akivinunua?

Ijumaa, 22 Mei

Mvua zimepungua. Wageni thelathini na wengine tumewarudisha. Kinyozi kamletea wifi zawadi, kizibuo chenye mpini wa mbao alichokichonga mwenyewe, akamwambia, "Huko uendako usiwasahau waliobeba mashavuni." Akacheka, ile sauti yake ya zamani, na vioo vikaitikia. Nilikuwa juu nafunga madirisha. Moja nililiacha wazi.

Ijumaa, 29 Mei

Ziara ya mwisho. Nilitaka kusema. Watu walikuwa wengi, Mkurugenzi akatoa hotuba, mtu akapiga picha. Sikusema.

Jumamosi, 30 Mei

Jua limetoka tangu asubuhi, ukumbi wa juu umejaa mwanga mpaka vumbi linaonekana. Wifi alikuwa chini anafunga makreti. Lori la kuyachukua lilikuwa lije saa nane. Mimi nilikuwa nafuta fremu, na nilikuwa nafuta fremu moja kwa muda mrefu.

Nikasikia viatu vya mdogo wangu kwenye sakafu. Navijua hata kwenye umati. Alikuwa ameingia kwa mlango wa ofisi ulio nyuma, kwa hiyo hakupita chini. Nyumbani nimemkwepa, kazini hakuna pa kujificha. Pamoja naye alikuwepo mwanamke mwembamba, mkoba kaupakata mbele kwa mikono miwili, amevaa gauni jipya ambalo bado lina mkunjo wa dukani.

"Dada," mdogo wangu akasema, kwa sauti ya kufungua mkutano, "huyu ndiye wifi yako."

Mwanamke akapiga goti kidogo. "Shikamoo, wifi."

Si mtu mbaya. Nilimwonea huruma, kwa kweli, na nikamshika mkono.

"Marahaba, mwanangu. Karibu. Sina ugomvi na wewe, na siku ukija kwangu utakula. Lakini wifi ninaye."

Mdogo wangu akajikohoza. "Dada, yule tumeachana. Imeshapita, mambo yamekwisha wiki hii."

"Wewe ndiye uliyeachana naye," nikamwambia. "Mimi sijaachana na mtu."

Ukumbi ule unabeba sauti, nimewahi kuwaonya wageni wengi. Mdogo wangu akaangalia nyuma yangu, uso ukambadilika, na nikajua bila kugeuka nani alikuwa amefika juu ya ngazi. Sikugeuka. Nilikuwa sijamaliza.

"Nilikwambia niko upande wako, na niko. Ukiwa na njaa njoo, ukiugua njoo, ukiogopa radi njoo. Nitakuwa dada yako mpaka siku ya kuzikwa. Ila mimi si kiwanja, hunipimii mipaka. Nani ni mtu wangu nachagua mwenyewe."

Alinitazama kama mtoto aliyenyimwa kitu kwa mara ya kwanza. Akasema, "Sawa, dada," kwa ukavu, akamshika mwenzake kiwiko, wakaondoka kwa mlango waliokuja nao. Yule mwanamke aligeuka mlangoni akaniaga kwa kichwa. Mdogo wangu hakuniaga. Iliniuma na bado inaniuma ninapoandika, na kesho nitampikia samaki nimpelekee, apende asipende.

Nikageuka. Wifi alikuwa amesimama kwenye ngazi ya mwisho, kibandiko cha kreti kimemganda mkononi, machozi yanamteremka polepole, na haya ni yake mwenyewe, si ya mvinyo.

"Usilie," nikamwambia. "Pua ndiyo kazi yako. Ikiziba utakula nini?"

Akajifuta kwa mkono wa blauzi. Akapita katikati ya ukumbi, akasimama mbele ya fundi cherehani, akamtazama, akahamia kwenye viti, akavitazama. Nikadhani anaziaga picha, na nikaona nimechelewa, kwamba maneno yale ningeyasema siku ile tuliyokaa tumelowa. Chini honi ya lori ikalia. Mlinzi akapaza sauti kuuliza makreti yaanze kupakiwa au vipi.

Akainama kwenye ukingo wa ngazi. "Mwambie asipakie kitu, baba." Kisha akanigeukia, pua nyekundu. "Wifi, Juni tunaanza na picha ipi? Mvinyo unakuja kwa meli. Lazima niagize leo."